Mimi ni Abwoli, yeye ananiita Adyeri

Shikamoo Shangazi,

Barua hii nimeiandika mara tatu, na mara tatu nimeifuta. Leo naituma usiku huu huu kabla sijabadili nia.

Nina miaka 29. Ni Mtooro wa Fort Portal kwa baba na kwa mama, ila baba alikuwa mwanajeshi, tukalelewa kambini, leo huku kesho kule, ndiyo maana Kiswahili kinanijia haraka kuliko hata Kitooro. Sasa ni mwaka wa nne niko Busia. Nina kibanda cha kutuma na kutoa pesa kwa simu, hatua chache kutoka mpakani mwa Uganda na Kenya. Hapo ndipo nilipompata mchumba wangu. Ni Msamia wa hapa hapa, anafanya kazi kwa wakala wa forodha, siku nzima yuko na makaratasi kwenye foleni ya malori. Alikuwa akija kutoa shilingi elfu tano, kesho yake tena elfu tano, hadi nikamwambia angezitoa zote mara moja angeokoa makato. Akasema makato hayamuumi. Yeye Kitooro hajui, mimi Kisamia sijui, tunaishi kwa Kiswahili.

Nisimsingizie, ni mtu mzuri. Mama yangu alipolazwa mwaka jana, alisafiri nami kutoka Busia mpaka Fort Portal, tukabadilisha basi Kampala usiku, akalala kwenye benchi nje ya wodi siku mbili bila kulalamika. Desemba kuna kuhingira, ile sherehe yetu ya kumkabidhi bibi harusi. Wazee wa pande zote wameshakubaliana ng'ombe.

Shida ilianzia kwenye jina. Sisi Watooro tuna empaako, jina la heshima tunaloitana tukisalimiana. Langu ni Abwoli. Nilimwambia wiki ya kwanza kabisa, akalirudia vizuri, hata akawa ananiita hivyo mbele ya wateja. Lakini tukiwa wawili usiku, ananiita Adyeri. Mara ya kwanza nilidhani amesahau. Nikamsahihisha. Mara ya pili nikamsahihisha. Akacheka: "Si yote ni ya Kitooro?" Nikanyamaza, ila moyoni nikajua kuna mwanamke anaitwa Adyeri.

Mwezi uliopita aliniachia simu yake kibandani ichajiwe, akapiga kwa simu ya mwenzake akiniomba nimtumie dereva picha ya hati ya mzigo. Namba ya siri aliniambia mwenyewe. Hati niliitafuta kwenye Telegram, nikaituma. Hapo ningeishia, Shangazi. Sikuishia.

Ana makundi ya video za ngono, na yamepangwa kikabila kama madawati ya soko. Kundi la Wanyankole, la Waganda, la Wakarimojong, la Wanyarwanda. La Watooro ndilo analolifungua zaidi, na humo karibu kila video ina jina lile lile. Adyeri wa Fort Portal. Adyeri mpole. Adyeri hakatai. Nikafungua moja, sauti nikaishusha, nikatazama labda nusu dakika. Watu wale walikuwa wanaongea lugha ambayo si Kitooro wala si ya kabila lolote la Uganda ninalolijua, na kambini nimesikia nyingi. Ukutani kulikuwa na kalenda imeandikwa Kifaransa. Nikafunga.

Kisha nikatazama ujumbe wa pesa. Shilingi 10,000 kila mwezi, tangu Machi, kwa namba moja. Kazi yangu ni kusoma majina ya wapokeaji kutwa nzima, na jina lililotokea pale ni la mwanamume, tena si la Mtooro.

La tatu ndilo lililonifanya nitetemeke. Kwenye kundi hilo kuna tangazo, "Watooro wapya, lipia uone", na picha iliyowekwa ni ya binamu yangu. Amevaa nguo zake zote, vazi letu la sherehe lile la kufunga begani, harusini kwa kaka yake. Picha hiyo aliiweka mwenyewe kwenye hali yake ya WhatsApp. Hana habari. Nimekuambatishia uone.

Mchumba wangu sijamwambia kwamba nimeona. Nimekuwa nikimtazama tu. Sasa nasikia hata yale ambayo zamani yalinipita: wenzake wa foleni wanapomwambia "umejichukulia Mtooro, wewe umepona", yeye anatabasamu kama mtu aliyesifiwa gari. Wiki iliyopita nilirudi nimechoka, nikamwambia si leo. Akacheka, akasema, "Mtooro gani anakataa?" Aliacha, lakini alininunia mpaka asubuhi.

Rafiki yangu ambaye tunashirikiana kibanda anasema wanaume wote wanatazama, ninyamaze mpaka ng'ombe wafike, mengine nitayarekebisha ndani ya nyumba. Mimi nataka kujua kitu kimoja: huyu mtu ananipenda mimi, au anampenda huyo Adyeri? Na binamu yangu, nimwambie au nimwache na amani yake?

Abwoli, Busia

—

Marahaba, Abwoli mwanangu.

Barua yako niliisoma jana jioni, nikairudia leo asubuhi kwa sababu kuna sentensi moja umeipitisha haraka kama mtu anayekatiza barabara ya Busia malori yakija. Nitaifikia. Tuanze na jina.

Mimi si Mtooro, ni Mnubi wa Bombo. Lakini jirani yetu wa ukuta mmoja alikuwa mama wa Kitooro, na siku alipohamia alisema hawezi kumsalimia mtu mkavu mkavu, akanipa empaako yeye mwenyewe, Akiiki. Miaka yote tuliyokaa pale hakuwahi kuniita vinginevyo. Kupitia kwake nilijifunza kwamba majina hayo ni kumi na mawili tu, na mnagawana nyinyi, Wanyoro na jamaa zenu wengine. Adyeri anaweza kuwa kasisi. Anaweza kuwa babu mwenye mkongojo, au mwalimu mkuu aliyekuchapa ukiwa darasa la nne. Alinieleza pia jina linavyopatikana: mtoto analetwa, mashangazi wanampokea, wanamgeuza usoni, pua hii ya nani, paji hili la nani, na akishaonekana kafanana na nani ndipo jina linatoka. Halafu watu wanakula ulezi na nyama iliyokaushwa kwa moshi. Mwaka 2013 UNESCO iliiweka empaako kwenye orodha ya urithi unaohitaji kulindwa haraka. Mwaka huo huo ndio Telegram ilipoanzishwa, sadfa ambayo jirani yangu angeicheka kwa uchungu.

Kwa hiyo tazama kilichofanyika. Wewe mashangazi zako walikutazama uso ndipo wakakuita Abwoli. Mwenye kundi hakutazama uso wa mtu. Ameokota jina la heshima, akalibandika juu ya wanawake ambao hata nchi waliyotoka hajui, na mchumba wako akajifunzia Kitooro chake kwa huyo muuzaji. Usipoteze usingizi ukimtafuta huyo mwanamke mwingine. Hayuko. Adyeri wa mle ndani ni chapa ya biashara.

Na biashara yenyewe wewe unaweza kuielewa kuliko mimi. Uko Busia, umeona mchele unavyobadilishiwa gunia. Maandishi ya kwenye gunia yanakuambia nini kinachonunuliwa sana wiki hiyo, hayakuambii ulilimwa wapi. Video ni hivyo hivyo: kichwa chake kinaandikwa na yeyote mwenye simu, na hakuna anayemkagua. Ile ya kalenda ya Kifaransa leo ni ya Fort Portal, kesho ni ya Mbarara, ikivuka mpaka itakuwa ya Kisumu. Kalenda itabaki pale pale ukutani.

Kuna jambo lingine ambalo nataka ulikumbuke uliposoma vile vichwa. Uliyataja makundi matano. Je, kuna mahali uliona imeandikwa mwanamume ni wa wapi? Mimi naapa hukuona. Mwanamume wa kwenye video hana wilaya, hana kabila, hana mji. Mwanamke ndiye anayebebeshwa mkoa mzima pamoja na tabia za mkoa: huyu mpole, huyu mkali, huyu kafundwa na ssenga, shangazi wa Kiganda, huyu wa nyikani. Nje ya video wanaume nao wanabandikwa majina, sikatai. Mgisu anasifiwa kisu chake, kila mwaka wa shufwa imbalu, tohara yao, inapofunguliwa pale Mutoto, Mbale, nchi nzima inarudia utani ule ule. Lakini sikiliza utani wenyewe. Wa mwanamume ni habari ya ujasiri wake. Wa mwanamke ni habari ya jinsi atakavyokuwa akiwa chini ya mtu mwingine.

Mimi mwenyewe nimeupitia. Usichana wangu haukuwa na simu, ila lebo zilikuwepo. Ukipita umejifunga gurbaba yako, vazi letu la Kinubi, vijana wanaulizana kwa sauti ya kukusudiwa kama ni kweli wanawake wa Kinubi wanafukiza bakhuri, ule udi wa kunukia, kila usiku. Mume wangu wa kwanza, Mungu amsamehe, alioa bakhuri. Bakhuri ilipopanda bei alishangaa kukuta kuna mtu.

Usidhani pia kwamba ni wahuni wa Telegram peke yao. Februari 2019 waziri wetu wa nchi wa utalii, Godfrey Kiwanda, alizindua shindano la wanawake wenye maumbo akasema wawe kivutio cha watalii. Wanawake walipiga kelele, na haki yao. Nilikuwa saluni siku hiyo, dada mmoja akiwa na dawa kichwani akauliza: sasa na mimi nitakatiwa tiketi kama sokwe wa Bwindi? Waziri akisema hivyo kwa kipaza sauti, huyo wa elfu kumi kwa mwezi ataona aibu gani?

Sasa ile sentensi.

"Mtooro gani anakataa?"

Umeiandika karibu na mwisho, ukaifunika na manung'uniko ya asubuhi, ukakimbilia kwa rafiki yako. Rudi nayo hapa. Habari za makundi, habari za jina, hata habari ya elfu kumi, zote ni nyepesi kuliko hiyo. Kwa sababu siku ile ulisema kitu kilicho wazi kabisa, si leo, na yeye hakukusikia wewe. Alisikia kichwa cha video: Adyeri hakatai. Neno lako likapimwa kwa tangazo la mtu anayeuza, likaonekana ndilo lenye kosa. Tofauti ya utani na hatari ni ndogo hapo kama uzi. Anayeamini kwamba wanawake wa mahali fulani hawakatai, siku moja ataacha kusubiri jibu.

Aliacha. Hilo nalihesabu upande wake. Lakini kununa mpaka asubuhi nalo ni neno, lina maana ya kwamba wewe ulimnyima kitu alichokuwa amekilipia. Mwanangu, hata ukiwa mke, hata ng'ombe wakiwa wamefika na kuzaa, ukisema leo hapana ni hapana, uwe umetoka Fort Portal, Moroto au mwezini.

Rafiki yako wa kibanda anasema wanaume wote wanatazama. Wengi wanatazama, na wanawake wapo pia, tusijifanye. Sikuambii umwache mtu kwa sababu ya kutazama tu. Kuna ndoa zinaishi na hilo na kuna zinazokataa kuishi nalo, ni juu yenu. Ila ushauri wake wa kusubiri ng'ombe ndio sikubaliani nao hata kidogo. Mambo haya yanasemeka kwa urahisi sasa, ukiwa na kibanda chako, chumba chako na jina lako. Baada ya kuhingira kila neno utakalosema litapita kwanza kwa wazee wa pande mbili na litarudi kwako likiwa limevaa koti: vumilia.

Basi ongea naye kabla ya Desemba, tena mapema. Chagua mchana, siku ambayo hana mizigo ya kushughulikia, na msiwe chumbani. Anza na lako. Mwambie: siku ya hati ya mzigo niliona makundi, nikaendelea kutazama bila ruhusa yako. Hilo ni kosa dogo lakini ni lako, na ukilificha ndilo atakalolishika mkutano mzima ("ulipekua simu yangu"), mengine yatayeyuka. Likishasemwa, limekwisha, usiombe msamaha mara ya pili.

Kisha usimuulize kama anatazama. Jibu unalo. Mwambie habari ya kalenda. Nadhani hiyo itamfikia kuliko machozi, kwa sababu ni mtu wa forodha, kazi yake ni kukagua kama karatasi inalingana na mzigo. Mwambie: kwa miezi yote hii umelipia mzigo wenye hati ya uongo, na hati hiyo ina jina la watu wangu. Mwambie ulivyojisikia akikuita Adyeri. Mwambie, kwa maneno machache, habari ya usiku ule: nilisema si leo ukanijibu kwa kabila langu. Halafu nyamaza. Mwache yeye aujaze ukimya huo.

Akijitetea dakika tano za mwanzo usiogope. Mwanamume aliyekutwa na aibu hucheka, hukasirika, husema mbona wote. Subiri kinachofuata. Akiuliza swali lolote juu yako, kwamba ulijisikiaje, kwamba empaako inatolewaje, kwamba binamu yako atasaidiwaje, huyo mtu bado yuko ndani ya nyumba. Akirudia "si utani tu", akamalizia kwa kukuambia Watooro siku hizi mmekuwa wakali, basi pigia simu nyumbani. Usiupigie ukoo mzima. Chagua mtu mmoja, mama yako au shangazi yako wa damu mwenye kauli, umwambie tarehe isogezwe. Sababu utaeleza utakapotaka. Ng'ombe hawaozi.

Na pesa ile ikome, hilo lisiwe la kujadiliwa. Atazame asitazame ni jambo moja, ila elfu kumi yake ndiyo inayomfanya mtu yule aamke kesho atafute picha nyingine ya harusi.

Umeniuliza anakupenda wewe au anampenda Adyeri. Sikai kifuani mwake. Nina vitu viwili tu vya kupima, vyote umenipa wewe. Kimoja ni benchi ya wodi. Hakuna video inayomfundisha mtu kulala kwenye benchi ya mbao siku mbili kwa ajili ya mama mkwe ambaye bado hajawa mama mkwe. Huko alikuwa na wewe, Abwoli. Cha pili ni lile tabasamu kwenye foleni ya malori. Huko alikuwa na gunia. Ni mtu mmoja, na anavijua vyote viwili, kwa hiyo mwenye kuchagua ni yeye, na kazi yako ni kumwambia wazi kwamba anachagua. Nina swali dogo la pembeni: je, amewahi kukuuliza firinda inapikwaje? Mtu anayedai kuwapenda Watooro na hajui maharage yaliyomenywa maganda yakatiwa samli, huyo hajafika hata kituo cha basi.

Binamu yako mwambie. Leo, si wiki ijayo. Amani unayotaka kumwachia hana, ila hajui tu kwamba hana. Picha iko kwenye simu za watu na siku moja ataonyeshwa na mtu asiyempenda. Mpigie, usimwandikie. Mwanzo kabisa wa maneno yako umwambie kwamba amevaa nguo zake zote na kwamba hakufanya kosa lolote, kwa sababu akisikia neno Telegram kabla ya hayo hatasikia mengine. Uamuzi wa nini kifanyike ni wake, picha ni yake.

Akitaka kusonga mbele, tangazo lile lihifadhiwe kwanza: picha ya skrini inayoonyesha jina la kundi, tarehe na maneno, pamoja na namba ile ya kupokelea pesa. Hiyo namba ni dhahabu. Jina la kundi hubadilishwa kwa sekunde moja, lakini laini ya kupokea pesa imesajiliwa kwa kitambulisho cha mtu, wewe unajua kuliko mimi. Ila usimtafute mwenyewe kupitia mashine ya kibandani, utapoteza kazi na ushahidi kwa pamoja. Iache namba iende kwa polisi. Baada ya kuhifadhi ndipo mliripoti tangazo kwa Telegram wenyewe, maana likishaondolewa hamtaliona tena. Tuna Sheria ya Kulinda Data na Faragha ya mwaka 2019, na sura ya mtu ni yake, haichukuliwi ikauzwa kwa sababu tu aliionyesha kwa marafiki. FIDA Uganda wanasaidia wanawake kisheria. Aende kwao kabla ya kituo cha polisi, au waende naye, na akifika kituoni asiondoke bila namba ya kumbukumbu ya malalamiko yake.

Kwa nini nasema waende naye? Kwa sababu nakumbuka. Februari 2014 Rais alipotia saini Sheria ya Kupinga Ponografia, wanawake walivuliwa nguo hadharani Kampala na wanaume waliojipa kazi ya kutekeleza sheria wasiyoisoma. Miaka ile, picha za siri za mwanamke zikivujishwa na mwanamume, aliyetishiwa kukamatwa ni mwanamke. Julai 2018 Tume ya Mawasiliano ikaagiza tovuti 27 za ponografia zifungwe, mwezi ule ule shilingi 200 za kodi ya mitandao zikaanza kukatwa kila siku, na nchi nzima ikajifunza VPN, programu ya kukwepa vizuizi vya mtandao, kwa wiki moja. Soko halikufungwa. Agosti 2021 Mahakama ya Katiba ilivifuta vifungu vikuu vya sheria ile, pamoja na ile tafsiri iliyomfanya kila mwenye sketi fupi awe mshtakiwa. Lakini fikra haifutwi na majaji. Bado utakuta afisa mmoja mmoja ambaye swali lake la kwanza litakuwa: na yeye picha aliiweka mtandaoni kwa nini? Wakili akiwa kando, swali hilo huwa fupi.

Rafiki yako wa kibanda usimweleze habari ya binamu. Si kwamba ni mbaya. Anaongea na watu mia mbili kwa siku.

Na ile picha uliyoniambatishia, sikuihitaji kukuamini. Nimeifuta kwenye simu na kwenye barua pepe, na nimemwomba kijana anayenipokelea barua aifute kwake pia. Usimtumie mtu mwingine isipokuwa wakili, hata kwa nia njema.

Shangazi